Deni la Kasi: Historia ya Kutua kwa Ndege za Kivita za Jeti

Historia ya ndege za kivita za jeti huandikwa kwa kawaida kwa kufuata kasi yake ya juu: nani alitangulia kuvuka kasi ya sauti, ndege ipi iliifikia kasi hiyo maradufu, na ni dola ipi iliyobaki nyuma. Kasi iliyowakosesha wahandisi usingizi, hata hivyo, ilikuwa ya upande wa pili, yaani ile ndogo kuliko zote ambayo ndege inaweza kuruka nayo bila kuporomoka, kwa kuwa hiyo ndiyo inayoamua magurudumu yataigusa ardhi kwa mwendo gani. Hoja inayotetewa hapa ni kwamba tangu miaka ya 1950 kasi ya kutua haikupungua kwa kiasi kikubwa, na kwamba maendeleo makubwa yaliyopatikana yalihusu jinsi ndege inavyomtii rubani inapokuwa katika mwendo huo wa hatari.

Chanzo cha tatizo ni bawa. Bawa hupata nguvu ya kuinua kutokana na hewa inayolipitia, na nguvu hiyo hukua kwa kipeo cha pili cha kasi, hivi kwamba kasi ikiongezeka mara mbili nguvu huongezeka mara nne. Hutegemea pia ukubwa wa bawa na pembe ambayo bawa hukabiliana nayo na hewa. Rubani anayepunguza mwendo hulazimika kuinua pua ili kuongeza pembe hiyo, lakini kuna kikomo ambapo hewa hubanduka kutoka mgongoni mwa bawa, nguvu ya kuinua ikatoweka ghafla na ndege ikaanguka. Ndege iliyokusudiwa kwenda kasi sana huhitaji bawa jembamba na dogo lisiloleta ukinzani wa hewa, na ni bawa hilo hilo linaloidai ndege itue kwa mwendo mkubwa. Spitfire ya Waingereza, yenye bawa la mita za mraba zipatazo 22.5, ilikaribia uwanja kwa takriban kilomita 140 kwa saa. Ndege yenye uzito kama wake ikitua kwa kilomita 280 huwa na nishati mara nne, na nishati hiyo yote haina budi kumezwa na breki, tairi na urefu wa njia.

Jeti za kwanza zilileta tatizo jingine ambalo wabunifu hawakulitarajia kwa ukamilifu, nalo ni kutokuwepo kwa rafadha. Katika ndege za rafadha, rubani aliyepunguza nguvu ya injini alisaidiwa na rafadha yenyewe kushika breki hewani, na alipoongeza nguvu, upepo wa rafadha ulilipuliza bawa papo hapo na kuliongezea uwezo wa kuinua. Jeti ilimnyima yote mawili. Injini za Jumo 004 za ndege ya Kijerumani Me 262, iliyoruka kwa nguvu ya jeti pekee mara ya kwanza tarehe 18 Julai 1942, zilichelewa mno kuitikia, na rubani aliyekwisha kupunguza nguvu ili atue alikuwa na nafasi finyu ya kughairi. Marubani wa Marekani na Uingereza walilitambua hilo upesi, wakawa wanazivizia Me 262 karibu na viwanja vyake, na Wajerumani wakalazimika kuweka ndege za rafadha aina ya Fw 190 kulinda jeti zao wakati wa kuruka na kutua. Moja ya ndege zenye kasi zaidi vitani ilihitaji walinzi wa mwendo wa chini.

Ni baharini ambako suala hili lilipata majibu ya mapema yenye akili zaidi, kwa sababu sitaha ya meli haiwezi kurefushwa kama njia ya uwanjani. Tarehe 3 Desemba 1945 rubani Mwingereza Eric Brown alitua na jeti ya Sea Vampire juu ya meli ya kubeba ndege HMS Ocean, akawa wa kwanza kufanya hivyo kwa ndege ya jeti tupu. Jeshi la wanamaji la Uingereza likafika hata hatua ya kujaribu sitaha ya mpira, ambayo ndege isiyo na magurudumu ingetua juu yake kwa tumbo, na majaribio hayo yaliendelea katika meli HMS Warrior kabla ya wazo lenyewe kuachwa, pengine kwa heri. Suluhisho lililodumu lilitoka mwaka 1951, wakati Dennis Cambell alipopendekeza sitaha ya mshazari, yaani njia ya kutulia iliyopindishwa nyuzi chache kutoka mstari wa meli. Kabla ya hapo, jeti iliyoikosa kamba ya kuinasa iliingia katika kizuizi au katika ndege zilizoegeshwa mbele. Baada ya hapo, rubani aliongeza nguvu zote za injini mara tu magurudumu yalipogusa sitaha, na kama kamba haikunasa, aliondoka tena hewani bila kumdhuru mtu. Pamoja na sitaha hiyo ukaja mfumo wa kioo na taa uliobuniwa na Nicholas Goodhart, uliomwonyesha rubani kama yuko juu au chini ya mteremko sahihi. Kasi ya ndege haikupunguzwa hata kidogo. Kilichopunguzwa ni adhabu ya kukosea.

Nchi kavu mambo yalizidi kuwa magumu. Mabawa yaliyolazwa nyuma, ambayo nadharia yake ilitolewa na Mjerumani Adolf Busemann mjini Rome mwaka 1935, yalizisaidia F-86 na MiG-15 kukaribia kasi ya sauti, lakini yalikuwa na tabia mbaya katika mwendo mdogo: ncha zake zilipoteza nguvu ya kuinua kabla ya sehemu za katikati, kitovu cha nguvu kikasogea mbele, na pua ikajiinua yenyewe wakati rubani alipotaka ishuke. F-100 za mwanzo za Marekani, zilizokuwa na tabia hiyo, zilijengwa bila flapu, yaani vibawa vya nyuma ya bawa vinavyoteremshwa ili kuongeza nguvu ya kuinua, na zilitua kwa kasi iliyoyafanya maparachuti ya breki kuwa kifaa cha kila siku. Wabunifu wengine walichagua bawa la pembetatu. Mirage III ya Ufaransa, isiyo na mkia wa kulala, haikuweza kutumia flapu za kawaida, kwa kuwa ili kuinua pua ilibidi vibao vya nyuma ya bawa vipandishwe juu, jambo linalopunguza nguvu ya kuinua wakati hasa inapohitajika. Warusi waliiachia MiG-21 mkia wake, na kwa hiyo wakaweza kuipa flapu, uamuzi ambao haukusifiwa vya kutosha.

Hakuna ndege iliyolidhihirisha deni hili kama F-104 Starfighter ya kampuni ya Lockheed, iliyoruka mara ya kwanza mwaka 1954. Bawa lake lilikuwa na eneo la mita za mraba 18.2 tu, dogo kuliko la Spitfire, ilhali ndege tupu ilikuwa na uzito unaozidi mara mbili. Ukingo wake wa mbele ulikuwa mkali kiasi kwamba ulifunikwa ndege ikiwa chini ili usiwakate mafundi. Ili bawa kama hilo liweze kutua, wahandisi walichota hewa ya moto kutoka katika kompresa ya injini na kuipuliza juu ya flapu, ili hewa inayopita isibanduke mapema. Mbinu hiyo ilishusha kasi ya kugusa ardhi hadi kiasi cha kilomita 290 kwa saa, lakini iliufunga usalama wa bawa kwenye nguvu ya injini. Rubani aliyepunguza nguvu kabla ya kugusa njia, kama alivyofundishwa katika ndege nyingine zote, alipunguza pia hewa iliyokuwa ikilishikilia bawa lake, na ndege ikazama; na kama mpulizo ulikatika upande mmoja tu, ndege ilijipindua ubavuni karibu na ardhi. Zaidi ya hayo, mkia uliowekwa juu kabisa uliweza kufunikwa na hewa iliyovurugwa na bawa pembe ilipozidi, na kwa sababu hiyo ndege ilipewa kifaa cha kuitikisa fimbo ya usukani kama onyo na kingine cha kuisukuma mbele kwa nguvu kabla ya maafa.

Ujerumani Magharibi ilipokea F-104 zipatazo 916 na kupoteza 292, na zaidi ya marubani 110 walifariki. Mwaka 1965 peke yake zilianguka ndege zaidi ya 20. Itakuwa kosa kuyahesabu maafa hayo yote kuwa ya kutua, kwani ndege iliyobuniwa kupaa haraka na kuzuia adui angani ilitwishwa mabomu na kutumwa kuruka chini chini katika mawingu ya Ulaya, ikiongozwa na marubani ambao wengi walijifunza chini ya anga angavu la Arizona, na kutunzwa na jeshi la anga lililokuwa limezaliwa upya baada ya miaka kumi bila ndege. Hispania, iliyokuwa na 21 za aina hiyo hiyo na kuzitumia kwa kazi ya kuzuia angani katika hali nzuri ya hewa, haikupoteza hata moja. Jenerali Johannes Steinhoff, aliyekabidhiwa jeshi la anga la Ujerumani Magharibi mwaka 1966, hakuibadilisha kasi ya kutua ya Starfighter. Alibadilisha mafunzo, matunzo na kiti cha kufyatuka, na ajali zikapungua.

Kwa wasomaji wa Afrika Mashariki lipo jambo moja katika historia hii ambalo vitabu vya Ulaya hulipita haraka, nalo ni mwinuko wa nchi. Kipimo cha kasi ndani ya ndege hupima msukumo wa hewa, na kwa kuwa hewa ya nyanda za juu ni nyepesi, ndege hukimbia juu ya ardhi kwa kasi zaidi kuliko kipimo kinavyosoma. Kambi ya Laikipia karibu na Nanyuki, ambako Kenya imeziweka ndege zake za F-5 tangu mwishoni mwa miaka ya 1970, iko takriban mita 1,900 juu ya usawa wa bahari. Hapo kipimo kikisoma kilomita 250 kwa saa, magurudumu hugusa njia kwa karibu kilomita 275, na breki hulazimika kumeza nishati inayozidi ya pwani kwa takriban asilimia 20. Entebbe, ambako Uganda ya Idi Amin iliziweka MiG-21, iko juu ya mita 1,100 na ilidai nyongeza kama hiyo, ingawa ndogo. F-5 ililistahimili jambo hili vyema kwa sababu ilikuwa nyepesi na ilikuwa na flapu mbele na nyuma ya bawa.

Miaka ya 1960 ilijaa majaribio ya kuepa deni kwa ufundi wa chuma. F-111, F-14 na MiG-23 zilipewa mabawa yanayofunguka kwa kutua na kujikunja kwa mwendo kasi, na bei ilikuwa uzito, gharama na bawaba kubwa zisizokosa kudai matunzo. Ndege za mapambano zilizobuniwa baadaye hazikuyarithi. Harrier ya Waingereza ililifuta tatizo kwa kusimama hewani kabla ya kushuka, lakini ilibeba silaha na mafuta kidogo kwa sababu hiyo. Jibu la Wasweden linavutia zaidi. Viggen, iliyoruka mara ya kwanza mwaka 1967, ilikuwa na vibawa vya mbele vilivyosaidia bawa la pembetatu, ilikuja kwa takriban kilomita 220 kwa saa, ikapigizwa chini bila kulainishwa kama inavyotua ndege ya melini, na gurudumu la pua lilipogandamizwa injini iligeuza msukumo wake kuelekea mbele. Iliweza kutumia vipande vya barabara kuu vya mita 500, kwa kuwa Uswidi ilihesabu kwamba viwanja vyake vingepigwa mabomu siku ya kwanza ya vita.

Mapinduzi yaliyofuata hayakuligusa bawa sana. F-16 ilibuniwa kwa makusudi isiwe na utulivu wa asili, na usukani wake uliunganishwa na vibao vya bawa na mkia kwa nyaya za umeme zinazopita katika kompyuta badala ya vyuma na kamba. Tarehe 20 Januari 1974, ndege ya majaribio ilipokuwa ikikimbizwa tu ardhini huko Edwards, California, fimbo yenye wepesi uliopita kiasi iliifanya iyumbe ubavu kwa ubavu hadi sehemu ya mkia ikagusa ardhi, na rubani Phil Oestricher akaona ni salama zaidi kuruka kuliko kuendelea kukimbia. Alitua baada ya dakika sita, kabla ya siku rasmi ya kuruka kufika. Tabia iliyojitokeza hapo ndiyo iliyokuwa ugonjwa wa kizazi kipya: rubani husahihisha myumbo, jibu huchelewa kidogo kwa sababu ya kompyuta au vibao, naye husahihisha zaidi, hata masahihisho yake yenyewe yakawa ndiyo yanayoitikisa ndege. Kwa njia hiyo Gripen ya kwanza ilivunjika ikitua Linköping tarehe 2 Februari 1989, na YF-22 ikaanguka juu ya njia ya Edwards mwezi Aprili 1992. Marubani wote wawili walipona, na hesabu za kompyuta zikaandikwa upya.

Hesabu hizo sasa zimepita kazi ya kuzuia makosa. Katika F-35C, iliyotua melini mara ya kwanza juu ya USS Nimitz tarehe 3 Novemba 2014, rubani huchagua mteremko anaoutaka, na kompyuta husogeza flapu na kuipangia injini nguvu ili ndege ishike mteremko huo, bila yeye kuhangaika na pua na injini kwa wakati mmoja kama walivyofanya watangulizi wake. Hata hivyo kanuni ya bawa haikusamehe: F-35A ya viwanja vya nchi kavu ina bawa la mita za mraba 42.7, na ile ya melini ilibidi ipewe karibu mita 62. Pamoja na nyongeza hiyo yote, hukaribia sitaha kwa zaidi kidogo ya kilomita 250 kwa saa, mwendo usiotofautiana sana na wa Phantom iliyoruka mara ya kwanza mwaka 1958.