Kiretaji na uzazi: kovu ambalo waganga walichelewa kulielewa

Katika Kivu na Ituri, akina mama wengi wanajua neno kiretaji. Mimba imeharibika, damu haikatiki, ao kipande cha kondo kimebaki ndani kisha kuzaa. Muganga anasafisha kizazi ili kuokoa maisha. Lakini kwa wengine miezi inapita, siku za mwezi hazirudi, mimba haishiki. Ndipo maneno yanaanza: amerogwa, ni tasa, bwana atafute mwingine. Historia ya tiba inaonyesha kwamba mara nyingine sababu ni kovu.

Kijiko cha chuma cha kukwangua kizazi kilianzishwa na daktari Mfaransa Joseph Récamier katika miaka ya 1840. Kilienea katika hospitali nyingi za dunia. Mwaka 1894, Mjerumani Heinrich Fritsch alieleza habari ya mwanamke ambaye hakuona tena siku zake baada ya kukwanguliwa kizazi kisha kuzaa. Zaidi ya miaka 50 ikapita. Mwaka 1948, daktari Joseph Asherman wa Tel Aviv aliandika juu ya wanawake 29 wenye shida hiyo, na ugonjwa ukapewa jina lake.

Kizazi kina utando wa ndani wenye tabaka mbili. Ya juu inatoka na damu kila mwezi. Ya chini ndiyo inayootesha mpya. Kijiko kikifika tabaka ya chini, kidonda kinabaki, na kuta za kizazi zinaweza kushikana. Hatari inaongezeka kiretaji ikifanywa katika majuma ya kwanza kisha kuzaa, ao ikirudiwa mara nyingi. Dalili ni damu ya mwezi kupungua ao kukauka, pengine na maumivu yanayorudi kila mwezi, na mimba kuharibika mara kwa mara.

Mwaka 1958, waganga wa China waliandika juu ya kusafisha kizazi kwa kuvuta hewa. Katika miaka ya 1970 ikaja mirija laini ya plastiki pamoja na seringi ya mkono isiyohitaji umeme, inayofaa hata kituo cha afya cha kijijini. Mwaka 2012, Shirika la Afya Duniani, OMS, lilisema kijiko cha chuma kimepitwa na wakati: kitumiwe kuvuta hewa ao dawa.

Hiyo si sababu ya kukimbia hospitali. Damu nyingi inaua haraka kuliko kovu, na wanawake wengi waliofanyiwa kiretaji wanazaa vizuri. Ila mama ana haki ya kuuliza atasafishwa kwa njia gani. Katika vita karatasi za hospitali zinapotea. Basi yeye na mtu wake wa karibu wakumbuke tarehe na kazi iliyofanywa.

Siku za mwezi zikikawia zaidi ya majuma nane, na hakuna mimba wala kunyonyesha, amwambie muganga habari hiyo yote. Katika hospitali kubwa zenye vifaa, kovu linaonekana kwa kamera nyembamba na kukatwa, na wengine wanapata mimba tena. Mimba hiyo ifuatwe kwa karibu, maana kondo linaweza kushikana na kizazi.

Mwanamke mwenye kovu ni mgonjwa anayehitaji matunzo. Hakuna anayestahili kufukuzwa nyumbani kwa ajili ya kidonda alichopata akiokolewa.