Kassim Ouma: Bondia aliyerejea nyumbani mbele ya kamera

Kassim Ouma ni bondia wa zamani wa ngumi za kulipwa, mzaliwa wa Uganda, aliyetwaa ubingwa wa dunia wa uzito wa super welta wa Shirikisho la Kimataifa la Ngumi (IBF) mwaka 2004. Anafahamika pia kwa filamu ya makala kuhusu maisha yake, Kassim the Dream, iliyoongozwa na Kief Davidson na kuoneshwa kwa mara ya kwanza mwaka 2008.

Utotoni na jeshini

Ouma alizaliwa mwaka 1978. Akiwa na umri wa takriban miaka sita alichukuliwa na wapiganaji wa NRA, kundi la msituni lililoingia madarakani Januari 1986, akafanywa askari mtoto. Vita vilipokwisha alibaki jeshini, na huko ndiko alikokuzwa kuwa bondia. Mwaka 1998 alisafiri kwenda Marekani na timu ya ngumi ya jeshi, hakurudi.

Katika televisheni

Oktoba 2, 2004 alimshinda Verno Phillips mjini Las Vegas na kutwaa mkanda, kisha akaupoteza Julai 2005 kwa Roman Karmazin wa Urusi. Desemba 9, 2006 alipanda ulingoni Arkansas kuwania ubingwa wa uzito wa kati dhidi ya Jermain Taylor, pambano lililorushwa na televisheni ya HBO. Taylor alishinda kwa pointi baada ya raundi 12.

Katika filamu

Matangazo ya pambano huishia kengele ya mwisho inapogongwa. Filamu ya Davidson inafuata yaliyobaki. Inaeleza kuwa baba wa Ouma aliuawa baada ya mwanawe kutoroka jeshi, hivyo bingwa huyo hakuweza kurejea kwao bila ridhaa ya Serikali ya Uganda. Ridhaa ilipopatikana, kamera zilimfuata hadi kwa bibi yake na kwenye kaburi la baba yake. Miongoni mwa watayarishaji watendaji ni Forest Whitaker, mwigizaji aliyepata tuzo ya Oscar kwa kuigiza nafasi ya Idi Amin.

Umuhimu wake kwa wasomaji wa Katavi

Mkoa wa Katavi unaielewa safari ya namna hii. Makazi ya Katumba na Mishamo yaliwapokea Warundi waliokimbia mauaji ya mwaka 1972, na wengi wao baadaye walipewa uraia wa Tanzania.

Kwa upande wa michezo, Titus Simba aliiletea Tanzania medali ya fedha ya ngumi katika Michezo ya Jumuiya ya Madola, Edinburgh, mwaka 1970. Orodha ya matokeo hutaja jina, uzito na medali. Alikotoka bondia, na gharama aliyolipa, huhifadhiwa pale tu anaporekodiwa angali hai.