Sunday Manara na Kazi ya Kulipwa Ugenini

Katika mwambao wa Ziwa Nyasa, kuanzia Lituhi kwenye mdomo wa Mto Ruhuhu hadi Mbamba Bay, na kule milimani Mbinga, ziko koo nyingi zinazojua maana ya mkataba wa ugenini. Wanaume wa Ruvuma walichukuliwa kwa maelfu kwenda mashamba ya mkonge ya Tanga, wakaitwa manamba. Mwaka 1944 wenye mashamba wakaunda ofisi yao ya kuajiri, Silabu. Wengine walielekea kusini hadi migodi ya Afrika Kusini. Watu wenye kumbukumbu hiyo ndio wanaofaa kuisoma upya habari ya Sunday Manara, Mtanzania wa kwanza kucheza soka la kulipwa Ulaya. Habari yake husimuliwa kama sifa ya kipaji. Mimi naiona kwanza kama historia ya kazi, na tusipoisoma hivyo hatutaelewa kwa nini njia aliyoifungua ilichelewa mno kupata wapitaji.

Kipaji hakina ubishi. Agosti 1974, Uwanja wa Nyamagana, Mwanza, Yanga iliifunga Simba 2-1 na bao la ushindi, katika muda wa nyongeza, lilikuwa lake. Mashabiki walimwita Kompyuta. Lakini soka la Tanzania lilikuwa la ridhaa: mchezaji alitegemea ajira ya shirika au kiwanda, na uwanjani alipata posho na heshima. Mwaka 1977 alikwenda Heracles, klabu ya mji wa Almelo, Uholanzi. Kutoka hapo akavuka bahari kujiunga na New York Eagles ya Marekani, akarudi Ulaya kuichezea St. Veit ya Austria, kisha akaenda Al Nasr ya Dubai. Eagles ilikuwa katika American Soccer League, ligi ndogo iliyoishi kando ya ile ya New York Cosmos, ambako Pelé alicheza hadi 1977. Nchi nne katika kipindi kifupi: huo ni mwendo wa mfanyakazi anayefuata ajira inapopatikana.

Watakuwapo wa kupinga. Watasema Heracles wakati huo ilikuwa daraja la pili, hakukaa sana, na kuhamahama kwake ni dalili kwamba hakutosha. Ukweli wa daraja naukubali, hitimisho silikubali. Mchezaji wa Afrika Mashariki wa mwaka 1977 hakuwa na mtangulizi wa kumuuliza bei yake, na nyumbani hakukuwa na klabu yenye uzoefu wa kumwombea mkataba. Huko Ulaya, hadi hukumu ya Bosman ya mwaka 1995, klabu iliweza kudai ada kwa mchezaji ambaye mkataba wake ulikwisha malizika. Mtu aliyeingia peke yake katika soko la namna hiyo hawezi kupimwa kwa ngazi ya ligi pekee. Wengine watasema mwanzo wa kweli ni Mbwana Samatta, aliyetoka TP Mazembe akaenda Genk Januari 2016, kisha Aston Villa, akafunga katika fainali ya Kombe la Ligi la Uingereza dhidi ya Manchester City, Machi 2020. Samatta alifika juu zaidi, hilo liko wazi. Ila ukubwa wa mafanikio na utangulizi ni mambo mawili, na tunamnyima Manara haki yake tunapoyachanganya.

Wamarekani waliyatenganisha mambo haya mawili katika futiboli yao, ile ya mpira wenye umbo la yai. Mtu anayetambuliwa kuwa wa kwanza kulipwa ni William Heffelfinger, kwa sababu daftari la matumizi la klabu ya Allegheny, huko Pittsburgh, linaonyesha alipewa dola 500 kwa mchezo wa tarehe 12 Novemba 1892. Charles Follis, mweusi wa kwanza katika futiboli hiyo ya kulipwa, anakumbukwa kwa mkataba wake na klabu ya Shelby, Ohio, wa mwaka 1904. Yaani karatasi ya malipo ndiyo iliyowapa nafasi yao katika historia.

Karatasi zina uzito zaidi leo. Tangu 2001 kanuni za FIFA zinatenga asilimia 5 ya ada ya uhamisho wa kimataifa kwa klabu zilizomlea mchezaji kati ya umri wa miaka 12 na 23. Manara alipoondoka, fungu hilo halikuwapo. Sasa lipo, na timu ya Lituhi inayomfundisha kijana kila jioni bila kumsajili rasmi haitakuwa na cha kuonyesha siku atakapouzwa kutoka Songea au Dar es Salaam kwenda ng'ambo.