Nani Alimpa Kalamu?

Juma hili nilikuwa Mafiga, hapa mjini Morogoro, kumjulia hali mzee mmoja aliyekuwa jirani yetu zamani. Baada ya chai alinitolea bahasha. Ndani mlikuwa na barua ya kiwanja, imetiwa saini na mwenyekiti wa mtaa wa wakati ule na kupigwa muhuri. Juu ya karatasi hiyo mzee amejenga vyumba vitatu. Sasa ameambiwa kwamba aliyetia saini hakuwa na mamlaka ya kugawa ardhi. Akaniuliza, "Mwanangu, kama hakuwa nayo, muhuri alipewa na nani?"

Swali hilo lina umri mkubwa kuliko barua yenyewe.

Zamani, katika milima ya Uluguru, ardhi ilikuwa ya ukoo, na ukoo ulifuata upande wa mama. Mkuu wa ukoo ndiye aliyegawa mashamba. Aliyepewa shamba alimfahamu aliyempa, na palipokuwa na utata aliijua njia ya kwenda kwake.

Mwaka 1895 Wajerumani walitoa amri kwamba ardhi isiyo na mwenyewe ni mali ya dola yao, na wao wenyewe ndio walioamua ni ipi isiyo na mwenyewe. Wakati wao ndipo ulanga ulipoanza kuchimbwa katika milima hiyo. Wakaja Waingereza, na sheria yao ya mwaka 1923 ikaweka ardhi yote ya Tanganyika chini ya Gavana.

Lakini Gavana hawezi kupanda kila mlima. Hapana budi akasimu madaraka yake kwa maofisa, na maofisa wayapitishe kwa watawala wa jadi. Hivyo ndivyo Waluguru walivyolazimishwa kuchimba matuta katika miaka ya 1950. Walipolalamika, kila mkubwa alisema anatekeleza amri ya aliye juu yake. Mwaka 1955 ghasia zikazuka Matombo, mtu mmoja akauawa, na mpango wa matuta ukaachwa.

Baada ya uhuru, kiti cha Gavana kikakaliwa na Rais. Mwaka 1991 iliundwa Tume ya Rais chini ya Profesa Issa Shivji, nayo ikapendekeza mamlaka ya mwisho juu ya ardhi yasiwe mikononi mwa Rais. Serikali haikukubali. Sheria za Ardhi za mwaka 1999, zilizoanza kutumika mwaka 2001, zinasema ardhi yote ni ya umma na Rais ni mdhamini wake. Kamishna wa Ardhi hutoa hati kwa niaba ya Rais, naye anaruhusiwa kukasimu kazi hiyo kwa maofisa wateule. Hata halmashauri haiwezi kugawa ardhi pasipo idhini ya sheria. Ikigawa, ugawaji huo ni batili.

Madini yana njia yake. Mwenye shamba si mwenye rubi iliyo chini ya shamba lake. Tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2017, leseni ni kazi ya Tume ya Madini, nayo ina maofisa wake mikoani. Kwa hiyo mtu anaweza kuwa na karatasi halali ya juu ya ardhi, na mwenzake akaja na karatasi halali ya chini yake.

Mimi sipingi kukasimu madaraka. Nchi kubwa kama yetu haiwezi kuongozwa kwa kalamu moja. Ninachosema ni kwamba madaraka ya kuazimwa sharti yaonekane kuwa ni ya kuazimwa. Kila ofisi inayogusa ardhi au madini ibandike ukutani nani amekasimiwa, kufanya nini, na mpaka lini. Na pale mtu wa Serikali anapotumia muhuri kwa jambo lisilo lake, hasara isimwangukie mwananchi peke yake.

Wahenga walisema figa moja haliinjiki chungu. Aliye juu anayetoa madaraka ni figa, anayeyatumia ni figa, na mwananchi anayepaswa kuelezwa ni figa la tatu. Tangu mwaka 1895 hilo la tatu limeachwa kando.

Mzee ameirudisha barua yake ndani ya bahasha. Bado anangoja jibu.