Nani "aligundua" Kilimanjaro?

Mwalimu mmoja wa shule ya msingi anayeishi Shimanzi, Mombasa, ameniandikia swali ambalo nimekaa nalo wiki mbili. Kitabu anachofundishia kinasema kwamba Johannes Rebmann "aligundua" Mlima Kilimanjaro mwaka 1848, na mwenzake Ludwig Krapf "akagundua" Mlima Kenya mwaka 1849. Mwanafunzi mmoja akanyoosha mkono na kuuliza: kwani Wachaga walikuwa wakiishi wapi? Darasa zima likaangua kicheko. Mwalimu anataka kujua kama kosa ni la historia au ni la Kiswahili.

Ni la vyote viwili. Tuanze na Kiswahili.

Kitenzi gundua kina harufu ya kufumania. Kamusi za zamani zinakieleza hivyo: kumkuta mtu kwa ghafla, kumwona anayedhani haonekani. Mama humgundua mwanawe akidokoa sukari. Polisi hugundua magendo yaliyofichwa nyuma ya magunia. Kinachogunduliwa huwa kimejificha au kimefichwa. Baadaye, tulipoanza kutafsiri vitabu vya sayansi na historia kutoka Kiingereza, kitenzi hichohicho kikabebeshwa mizigo mingine. Kwa penisilini hakuna taabu. Alexander Fleming aliigundua mwaka 1928 na hakuna aliyekuwa akiijua kabla yake. Lakini mlima wenye urefu wa mita 5,895, ulio peke yake katikati ya mbuga, umejificha wapi?

Sasa historia yenyewe. Rebmann alikuwa mmisionari Mjerumani wa shirika la Kiingereza la CMS, na makao yake yalikuwa Rabai, nyuma ya kisiwa cha Mombasa. Mwishoni mwa Aprili 1848 alishika njia kwenda Uchaga. Aliyemwongoza ni Bwana Kheri, mtu wa pwani aliyezoea misafara ya bara na ambaye tayari alikuwa amewasimulia wamisionari hao habari za Uchaga na za mlima wake mkubwa. Yaani Rebmann alikwenda kuutazama mlima ambao alikwisha kuambiwa upo, akiongozwa na mtu anayeijua njia. Tarehe 11 Mei akaona kileleni weupe unaong'aa, akadhani ni wingu. Akamuuliza kiongozi wake ni kitu gani. Bwana Kheri akamjibu kwa neno moja tu: baridi.

Rebmann aliandika kwamba yeye mara moja alitambua kuwa ni theluji. Tangu hapo wasomaji wa Ulaya, na wengine wetu pia, wamelisoma jibu la Bwana Kheri kama jibu la mtu asiyejua. Mimi silioni hivyo. Mtu wa pwani aliulizwa juu ya kitu kisichopatikana kwao. Hata neno theluji lenyewe tumelikopa kwa Waarabu. Alichokifanya ni kutaja sifa ya kitu hicho ambayo msikilizaji wake angeweza kuihisi kwenye ngozi, na sifa hiyo ni ya kweli. Isitoshe, katika maandishi ya wamisionari wenyewe tunakuta kwamba Wakamba waliuita mlima huo kwa weupe wake, na kwamba Wachaga walikuwa na neno lao la theluji hiyo, Kibo, ambalo mpaka leo ni jina la kilele kirefu kuliko vyote. Kwa hiyo, wakati Rebmann anafika, theluji ilikuwa imeshapewa jina. Hakukuwa na cha kufumania.

Habari hizo zilipochapishwa Uingereza mwaka 1849, ajabu ikawa kwamba aliyechekwa ni Rebmann mwenyewe. William Desborough Cooley, mwanajiografia wa London ambaye hakuwahi kukanyaga Afrika Mashariki, alitoa kitabu mwaka 1852 akisisitiza kuwa theluji karibu na ikweta ni ndoto. Na Cooley alipata wapi ujuzi wake wa bara letu? Sehemu kwenye maandishi ya Wareno, na sehemu kwa Khamis bin Uthman, mtu wa pwani aliyefika London katika miaka ya 1830 na kumsimulia njia za kwenda ziwani. Basi hebu itazame vita hiyo ya vitabu: mabwana wawili wanatukanana kwa wino, na kila mmoja amesimama juu ya mabega ya Mswahili.

Mwenzao wa tatu, Jakob Erhardt, aliwauliza wafanyabiashara wa pwani kila njia ya misafara inaishia wapi. Wa njia ya kaskazini walisema inaishia kwenye maji makubwa. Wa njia ya kati wakasema hivyohivyo, na wa kusini pia. Wote walisema kweli! Erhardt na Rebmann wakayaunganisha maji hayo kuwa bahari moja ndefu iliyolala katikati ya Afrika kama konokono aliyetoka kombeni, na ramani yao ikachapishwa Ulaya mwaka 1856. Ramani hiyo ndiyo iliyochochea safari ya Richard Burton na John Speke. Burton alipofika Kazeh, ambayo sasa ni Tabora, mfanyabiashara Mwarabu aitwaye Snay bin Amir akamweleza kuwa hiyo si bahari moja, ni maziwa matatu mbalimbali. Aliambiwa akiwa barazani, kabla hajayaona kwa macho yake.

Krapf naye hakutofautiana na hao. Mlima Kenya aliuona akiwa Kitui, tarehe 3 Desemba 1849, akiwa mgeni wa Kivoi, mfanyabiashara mashuhuri wa Kikamba ambaye misafara yake ilikuwa ikishuka hadi pwani. Kivoi ndiye aliyemsimulia habari za mlima, na jina ambalo Krapf aliliandika lilitokana na matamshi ya Kikamba. Kitabu cha Krapf kilitoka kwa Kijerumani mwaka 1858 na kwa Kiingereza mwaka 1860. Jina la nchi yetu, basi, limetoka kinywani mwa Mkamba, likapita kwenye kalamu ya Mjerumani na matbaa za Ulaya, ndipo likaturudia sisi.

Sisemi vitabu hivi vitupwe. Bila ya Rebmann kuandika, jina la Bwana Kheri lisingetufikia, na kamusi ya Krapf ya mwaka 1882 bado ni hazina kwa anayetafuta maneno ya Kimvita yaliyosahauliwa. Ninachosema ni kwamba visomwe kwa kumtafuta yule anayeulizwa, sio yule anayeuliza tu. Hapo kitenzi gundua kitatufaa sana, maana Bwana Kheri ndiye aliyefichwa.

Kwa mwalimu, pendekezo langu ni hili. Sentensi ya kitabuni isomeke: "Rebmann aliongozwa na Bwana Kheri hadi Uchaga, akawa Mzungu wa kwanza kuandika habari za theluji ya Kilimanjaro." Ndefu kidogo, lakini kila neno lake linaweza kutetewa mbele ya mtoto yule. "Mtu wa kwanza kuona" ni uongo uleule uliobadilishwa kanzu. Na wakipata nafasi, awapakie watoto matatu, wavuke Makupa, wapite Changamwe hadi Mazeras na kukata kuelekea Rabai, ambako kanisa la zamani limegeuzwa makumbusho.

Kuna swali ambalo mwalimu hakuliuliza, nami nitaliongeza: je, Waswahili hawakuandika safari zao? Waliandika. Mwaka 1901 kilichapishwa mjini Göttingen, Ujerumani, kitabu kiitwacho Safari za Wasuaheli, kilichokusanywa na Carl Velten. Humo mna safari za bara za watu kama Sleman bin Mwenye Chande na Mtoro bin Mwinyi Bakari, na mna safari ya Selim bin Abakari aliyefuatana na tajiri wake Mjerumani hadi Urusi na Siberia mwaka 1896. Siberia! Kweli, Velten ndiye aliyewaomba waandike, wakati Tanganyika ikiwa chini ya Wajerumani, na lazima tuwasome tukikumbuka hilo. Lakini lugha ni yao. Selim anahesabu miji, anaeleza watu wanavyokula na wanavyovaa, na hakuna hata mara moja anapodai kuwa nchi hiyo ni yeye aliyeigundua.

Maandishi ya Selim yalitolewa tena na Lyndon Harries mwaka 1965, katika mkusanyiko wa nathari za Kiswahili. Katika orodha za vitabu vya kiada nilizowahi kuziona, hakuna hata moja iliyokitaja.