Mohamed Amin hakuwa wa Korem tu

Ukimtaja Mohamed Amin, watu watakwambia Korem, Oktoba 1984: njaa ya Ethiopia na sauti ya Michael Buerk wa BBC. Sawa. Ila mimi naona tunampunja. Sauti ilikuwa ya Buerk, lakini picha zilikuwa za Mo, na picha hizo ndizo zilizomgusa Bob Geldof mpaka ikaja Live Aid, Julai 1985.

Mzaliwa huyu wa Nairobi alianzisha Camerapix Dar es Salaam mwaka 1963, kijana mbichi kabisa. Mapinduzi ya Zanzibar yakamkuta na kamera. Baadaye Zanzibar hiyohiyo ikamtia jela. Mwaka 1969 akanasa dakika za mwisho za Tom Mboya. Alipiga picha, alitayarisha filamu, alichapisha vitabu. Na sisi wapenda vitabu tungeanzia hapo: fungua Journey Through Kenya uone nchi yenye rangi na watu walioshiba. Wanaomlaumu kwamba aliiuza njaa ya Afrika, sijui kama wamewahi kukifungua.

Juni 1991 ghala la silaha lililipuka Addis Ababa. Fundi wake wa sauti, John Mathai, akafa. Mo akapoteza mkono wa kushoto. Akafungiwa wa bandia, akarudi kazini.

Tarehe 23 Novemba 1996 ndege ya Ethiopian Airlines ilitekwa, ikaishiwa mafuta, ikaangukia baharini karibu na Ngazija. Walionusurika walisimulia kuwa Mo alikuwa amesimama, akibishana na watekaji. Brian Tetley, aliyemwandikia maneno ya vitabu vyake, alikuwa humohumo, naye hakurudi.