Nani Anaamua Besiboli Imekwisha?

Ng'ambo ya mto Hudson, ukitazamana na Manhattan, upo mji wa Hoboken katika jimbo la New Jersey. Katikati ya karne ya 19 watu wa New York walikuwa wakivuka kwa feri kwenda kupunga upepo kwenye viwanja vyake vilivyoitwa Elysian Fields. Tarehe 19 Juni 1846 klabu ya Knickerbocker ilicheza hapo na timu iliyojulikana kama New York Nine, ikafungwa 23 kwa 1. Kipigo hicho kimeandikwa mara nyingi. Lisilosemwa sana ni kwamba mchezo ulimalizika baada ya duru nne tu, na haukukatizwa na mvua wala giza. Ulikwisha kisheria.

Duru, kwa asiyeijua besiboli, ni zamu mbili zilizounganishwa: timu moja inapiga hadi wachezaji wake watatu watolewe, kisha ya pili nayo inapiga hadi watatu wake watolewe. Sheria walizoziandika Knickerbocker mwaka 1845 hazikutaja idadi ya duru. Zilisema mshindi ni atakayefikisha pointi 21, mradi pande zote zimepata zamu sawa. Msomaji aliyekua akitazama wazee wakicheza bao barazani ataelewa bila kufafanuliwa. Hakuna anayeangalia saa. Safu ya mbele ikibaki tupu mchezo umekwisha, iwe ni baada ya dakika kumi au karibu na adhana ya magharibi.

Tatizo ni kwamba magharibi huja kweli. Kadiri wadakaji walivyozidi kuwa hodari, pointi 21 zilizidi kuwa mbali, na taa za uwanjani hazikuwepo. Mwanzoni mwa 1857 klabu 16 zilituma wajumbe New York kutengeneza sheria moja, chini ya uenyekiti wa Daniel Adams, daktari na mwanachama wa Knickerbocker. Wapo waliotaka duru saba. Louis Wadsworth alisimamia tisa, na tisa ikapita. Karatasi za Adams zinazohusu mkutano huo zilipigwa mnada mwaka 2016 zikauzwa kwa zaidi ya dola milioni 3.

Sijui kama Wadsworth alikaa akapiga hesabu, lakini hesabu yenyewe inapendeza. Duru tisa, watu watatu wakitolewa katika kila duru, ni watu 27. Timu ina wapigaji tisa wanaofuatana kwa zamu. Maana yake timu inayopiga duru zote humpa kila mpigaji angalau nafasi tatu. Mara ya kwanza anamsoma mtupaji, mara ya pili ameanza kumzoea, mara ya tatu ameshajua mpira utapindia wapi. Makocha wa leo huiogopa sana hiyo mara ya tatu. Wengi humtoa mtupaji kabla haijafika. Ligi za watoto za Little League hucheza duru sita, yaani mizunguko miwili kamili. Vijana wa Lugazi, Uganda, walipokwenda Williamsport, Pennsylvania, mwaka 2012, wakiwa timu ya kwanza ya Afrika kufika mashindano ya dunia ya ligi hizo, walikuta hesabu hiyo ya sita.

Tangu 1857 urefu wa besiboli umepimwa hivyo, kwa watu waliotolewa. Dakika hazimo kabisa. Ndiyo maana kumbukumbu zake za muda zinashangaza. Tarehe 28 Septemba 1919, siku za mwisho za msimu, New York Giants waliwafunga Philadelphia Phillies 6 kwa 1 katika duru tisa kamili zilizochukua dakika 51. Miezi michache baadaye, tarehe 1 Mei 1920 mjini Boston, Brooklyn na Boston Braves walicheza duru 26 wakatoka sare ya 1 kwa 1, mwamuzi akasimamisha kwa sababu ya giza. Watupaji wawili walioanza, Leon Cadore na Joe Oeschger, ndio hao hao waliomaliza. Duru hizo 26 zilichukua saa 3 na dakika 50.

Sasa linganisha. Mwaka 2021 mechi ya kawaida ya duru tisa katika ligi kuu ya Marekani ilikuwa inachukua wastani wa saa 3 na dakika 10. Cadore na Oeschger walitumia kama dakika tisa kwa duru moja. Wajukuu zao walitumia dakika 21. Sheria ya watu 27 haikuwa imebadilika hata kidogo. Kilichoongezeka ni kusubiri: mpigaji anatoka mahali pake pa kupigia kurekebisha glavu, mtupaji anazunguka kilima chake cha kutupia akijifuta jasho, kocha anatembea taratibu kwenda kumbadilisha mtu, televisheni inaweka matangazo. Gazeti la Wall Street Journal lilipopima mwaka 2013 lilikuta kwamba mechi nzima ina takriban dakika 18 za watu kutenda jambo. Zinazobaki ni za kutazamana.

Kizuizi cha mwisho cha asili, yaani jua, kilikuwa kimeondoka zamani. Usiku wa tarehe 24 Mei 1935 Rais Franklin Roosevelt alibonyeza kitufe akiwa Ikulu mjini Washington, taa zikawaka kwenye uwanja wa Crosley Field, Cincinnati, na ligi kuu ikacheza mechi yake ya kwanza ya usiku. Kuanzia hapo mchezo usio na saa ukakosa hata magharibi.

Matokeo yake yalionekana wazi Pawtucket, mji mdogo wa Rhode Island, Jumamosi ya mkesha wa Pasaka, tarehe 18 Aprili 1981. Pawtucket Red Sox waliwapokea Rochester Red Wings katika mechi ya ligi ya daraja la chini. Taa zenyewe zilisumbua, mechi ikaanza kwa kuchelewa. Baada ya duru tisa ilikuwa 1 kwa 1. Katika duru ya 21 Rochester walipata pointi, na Wade Boggs akaisawazishia Pawtucket. Ligi ilikuwa na sheria ya kusimamisha mchezo usiku wa manane, ila katika kijitabu walichopewa waamuzi mwaka ule sheria hiyo haikuwamo, na mwamuzi hakutaka kutumia kitu asichokiona kwa macho yake. Baridi ilikuwa kali. Wachezaji walichoma magongo yaliyovunjika ili wapate joto. Rais wa ligi alipopatikana kwa simu na kuamuru wasimame, ilikuwa saa 10 na dakika 7 alfajiri, duru 32 zimechezwa. Watazamaji 1,740 walikuwa wamebaki 19. Mtupaji mmoja, Luis Aponte, alifika nyumbani usiku mwingi akamwambia mkewe alikuwa kazini, na mkewe, kama mke yeyote mwenye akili timamu, hakuamini.

Walirudi uwanjani tarehe 23 Juni. Wachezaji wa ligi kuu walikuwa kwenye mgomo, kwa hiyo waandishi wa habari waliokosa kazi walijazana Pawtucket. Ilichukua dakika 18. Dave Koza alipiga, Marty Barrett akakimbia hadi kituo cha mwisho na kufunga pointi, 3 kwa 2. Jumla ni duru 33, saa 8 na dakika 25, na hakuna mechi ya kulipwa iliyozidi hiyo kwa urefu. Upande wa Rochester alikuwepo Cal Ripken Jr.; yeye na Boggs wote waliishia kwenye ukumbi wa heshima wa mchezo huo.

Wakati Pawtucket wakitetemeka, mchezo huo ulikuwa umeshachepuka kuingia kwenye kompyuta, na kutoka hapo sebuleni. Watu wa kompyuta waliipenda besiboli mapema, kwa sababu mchezo uliogawanyika vipande vipande ni rahisi kuuandikia programu. Mwaka 1961 John Burgeson aliandika programu ya besiboli kwenye kompyuta ya IBM 1620. Mwaka 1971 mwanafunzi Don Daglow aliandika yake kwenye kompyuta kubwa ya chuo cha Pomona, California. Mashine hizo hazikuchoka wala hazikurekebisha glavu, na urefu wa mechi haukumsumbua mtu.

Tatizo lilizaliwa pale binadamu alipopewa kitufe. Mwaka 1980 kampuni ya Mattel iliuza besiboli ya mashine yake ya gemu, Intellivision. Ilihitaji watu wawili na duru tisa kamili, kana kwamba sebule ni Yankee Stadium. Lakini sebuleni kuna chakula cha jioni, kuna mama anayetaka taarifa ya habari, kuna mdogo mtu anayelilia zamu yake. Mechi inayomshinda mtu kumaliza ni bidhaa mbovu, na watengenezaji wakaanza kutafuta mahali pa kukata.

Wajapani walikuwa na kisu tayari. Katika mashindano ya mikoa ya shule za sekondari kwao, timu ikizidiwa pointi 10 baada ya duru ya tano mwamuzi hufunga mchezo. Kampuni ya Namco walipotoa gemu ya Family Stadium kwa ajili ya mashine ya Famicom, tarehe 10 Desemba 1986, waliingiza desturi hiyo: tofauti ya pointi 10, mechi imekwisha. Gemu hiyo ndiyo iliyozaa R.B.I. Baseball ya Marekani, na huko nako watoto wakakua wakiamini kwamba kumpiga mtu kwa kumi ni kumtoa nje kabisa. Wii Sports ya Nintendo, mwaka 2006, ilikata zaidi: duru tatu, na udakaji unafanywa na mashine yenyewe. Ukishika kidude mkononi, kazi yako ni kutupa na kupiga.

Hapa nina neno langu. Duru tatu ni mchezo mwingine uliovaa jezi zile zile. Rudi kwenye hesabu ya Wadsworth: watu tisa wakitolewa, kila mpigaji huenda akapata nafasi moja tu. Ile mara ya tatu, mpigaji anapomjua mtupaji, haifiki. Mtupaji hachoki, benchi halina kazi, na kocha hana uamuzi wa kufanya. Kinachobaki ni nani aliyebahatisha kuubamiza mpira mmoja nje ya uzio.

Njia ya pili ya kufupisha ina busara zaidi, nayo ni kuacha duru tisa na kuondoa kusubiri. Gemu nyingi hufanya hivyo kimyakimya. Bonyeza, mpira umetupwa, bonyeza, mwingine. Hakuna tangazo la bia, na kocha akimbadilisha mtupaji, mpya yuko kilimani papo hapo. Katika gemu ya MLB The Show unaweza kuchagua kuwa mchezaji mmoja tu, na mashine inaruka moja kwa moja hadi zamu yako. Gemu hiyo hiyo ina mashindano ya duru tatu kwa wenye haraka na ya duru tisa kwa wanaotaka kupanda ngazi mtandaoni. Kuna pia msimu mzima wa mechi 162. Ukitumia dakika 40 tu kwa kila mechi, hizo ni saa 108, na ndiyo maana kitufe cha kuruka mbele kimekuwa kiungo muhimu kama gongo.

Ligi kuu yenyewe ilijaribu visu vyote viwili. Tangu 2020, duru za nyongeza za msimu wa kawaida huanza na mkimbiaji aliyewekwa bure kwenye kituo cha pili ili mtu afunge haraka watu wakalale. Huko ni kukata nyama. Mwaka 2023 ikaja saa: mtupaji ana sekunde 15 vituo vikiwa vitupu na sekunde 20 kukiwa na mkimbiaji, zilizopunguzwa kuwa 18 mwaka uliofuata. Akichelewa mtupaji, anahesabiwa mpira mbaya. Akichelewa mpigaji, anahesabiwa kosa. Wastani wa mechi ulishuka kutoka saa 3 na dakika 4 mwaka 2022 hadi saa 2 na dakika 40. Kikomo cha sekunde kilikuwemo kwenye vitabu kwa miaka mingi, kilichokosekana ni saa ya kuonekana na mtu wa kuisimamia. Wacheza gemu walikuwa wameishi na kasi hiyo kwa muda mrefu.

Mechi za mtoano baada ya msimu wa kawaida hazina mkimbiaji wa bure, kwa hiyo kisu cha saa hupimwa peke yake. Tarehe 26 Oktoba 2018, kwenye Dodger Stadium, Los Angeles Dodgers waliwafunga Boston Red Sox 3 kwa 2 katika duru ya 18 ya mechi ya tatu ya fainali, baada ya saa 7 na dakika 20. Tarehe 27 Oktoba 2025, uwanja huo huo, mechi ya tatu tena, duru 18 tena, Freddie Freeman aliwamaliza Toronto Blue Jays 6 kwa 5. Pointi zilikuwa nyingi zaidi ya mara mbili, na mechi ilichukua saa 6 na dakika 39.